Kumuaga mgonjwa wenu nyumbani Lamu, hatua kwa hatua

Daktari akishasema matibabu ya kuponya yamefika mwisho, mgonjwa wa Lamu mara nyingi huomba arudishwe kwao. Huletwa kwa barabara hadi Mokowe au kwa ndege hadi Manda, huvushwa kwa boti, kisha hubebwa kwa machela au mkokoteni hadi mlangoni kwake, maana gari halipiti vichochoro vyetu. Kuanzia hapo huduma ya hospisi humfuata nyumbani: dawa za maumivu, muuguzi wa tiba shufaa, yaani ya kumtuliza asiyeponyeka, wa kuja kumwona au wa kupigiwa simu, na nyinyi watu wa nyumba, ambao ndio wauguzi wa usiku na mchana.

Nimekaa na familia nyingi katika siku hizo, Mkomani, Langoni na ng'ambo Pate, na jambo linalowaumiza watu baadaye ni lile lile. Walingoja saa ya mwisho ndipo waage. Saa hiyo mgonjwa hasemi, nyumba imejaa, na mwenye neno lake analisema sikioni mwa mtu asiyeweza kumjibu. Kuaga hufanywa mapema, kidogo kidogo, mgonjwa akiwa bado ana nguvu za kukujibu, na hata za kukukatalia.

1. Maumivu kwanza

Msianze na maneno. Mtu anayeumwa hana nafasi ya kumsikiliza mtu mwingine, hata awe mwanawe aliyetoka Muscat. Anahesabu pumzi tu.

Dawa kubwa ya maumivu katika hospisi ni mofini ya maji, ya kunywa. Hutolewa kila baada ya saa 4, kwa kufuata saa, bila kungoja maumivu yaanze. Ratiba ya kawaida ni saa 12 asubuhi, saa 4, saa 8 mchana, saa 12 jioni na saa 4 usiku. Dozi ya saa 4 usiku mara nyingi huandikwa maradufu ili mgonjwa alale mpaka alfajiri bila kuamshwa. Fuateni kipimo mlichoandikiwa nyinyi, si cha mgonjwa wa jirani. Bandikeni karatasi ukutani, kila anayetoa dawa aandike saa na kiasi, kwa sababu nyumba yenye mabinti wanne na wakwe wawili haikosi siku ambayo dawa imetolewa mara mbili au haikutolewa kabisa.

Mofini hufunga choo, karibu kwa kila mtu. Ikiwa hamkupewa dawa ya kulainisha choo pamoja nayo, ulizeni siku hiyo hiyo. Nimeona mgonjwa akihangaika usiku kucha, watu wakimsomea, na shida yake ilikuwa hajaenda choo wiki nzima. Siku mbili tatu za mwanzo atasinzia sana. Mara nyingi hupungua mwili ukizoea. Maumivu yakimrudia katikati ya dozi na dozi, mpigieni muuguzi. Msiongeze wenyewe.

Kuna hofu mbili zinazoninyang'anya wagonjwa. Ya kwanza ni uraibu. Hiyo si hofu ya kumnyima dawa mtu aliye katika wiki zake za mwisho. Ya pili ni nzito zaidi, na haisemwi mbele ya daktari: kwamba mofini ni kilevi, na kwamba itamziba ulimi asiweze kutamka shahada. Muulizeni sheikh mnayemwamini mapema, mgonjwa akiwepo. Dawa ya dharura aliyoandika daktari ina hukumu yake, na mgonjwa akilisikia kwa mwanachuoni moyo wake hutulia. Kuhusu ulimi, mwambieni muuguzi waziwazi kwamba mgonjwa anataka awe macho wakati wa swala au wakati fulani wa mchana. Dozi hupangika. Na niseme nilichokiona: maumivu makali huziba ulimi wa shahada kuliko dawa.

Pimeni chupa kwa macho kila Jumatano. Msingoje ibaki matone, hasa msimu wa kusi bahari ikichafuka na boti za visiwani zikisita kuvuka.

2. Mwacheni ajue

"Mama asiambiwe." Hili ndilo agizo la kwanza ninalopewa mlangoni, kabla sijavua viatu. Linatolewa kwa mapenzi, na mimi silitii kwa muda mrefu.

Bibi mmoja wa Langoni aliambiwa na wanawe kwamba ana vidonda vya tumbo. Alikuwa na saratani. Siku moja, mabinti wako jikoni, alimwita mjukuu wake wa kike na kumfungulisha kasha lake. Leso mpya jozi tatu za fulani, bangili za fulani, na chini kabisa, ndani ya mfuko wa nailoni, sanda aliyoirudisha kutoka Hija. Alimwonyesha kila kitu kilipo, kisha akamwambia, "Usimwambie mamako, atalia." Kwa hivyo nyumba ile ilikuwa na watu watano, wote wanajua, na kila mmoja anamficha mwenzake. Miezi miwili ilipita hivyo.

Mgonjwa hujua. Mwili ni wake. Asichokijua ni kama ana ruhusa ya kulizungumza mbele yenu, na ruhusa hiyo hutolewa kwa swali, si kwa tangazo. Kaa chini, usisimame juu ya kitanda chake, umuulize: "Mama, unauonaje huu ugonjwa wako?" Kisha nyamaza. Nyamaza kweli, hata kimya kikikuchoma. Akisema, "Naona safari imefika," usimkatize kwa "Usiseme hivyo, mama." Muulize, "Safari ikifika, ungependa iweje?" Akisema, "Nitapona inshallah," itikia inshallah kwa moyo wako wote, uongeze: "Na Mola akipanga vingine, lipo jambo ungependa tulijue?" Asipotaka kuendelea, liache. Ameshajua mlango uko wazi, na huenda akarudi kwako usiku wa manane, wakati wa kumgeuza ubavu.

Wapo wasiotaka kujua kabisa, na hiyo ni haki yao. Tofauti iliyopo ni kwamba yeye ndiye aliyechagua, si kaka yake mkubwa.

3. Tayarisheni chumba

Kama mgonjwa analala ghorofani, mteremsheni sasa, angali anaweza kukaa. Ngazi za nyumba zetu ni za wima na nyembamba, na machela haipindi konani. Nimeona watu wanne wakigombana na ngazi huku mgonjwa anapiga kelele. Siku ile haikuwa na haja ya kuwa hivyo. Chumba cha chini kinachopata hewa ya kiwanda, yaani ua wa ndani ya nyumba, karibu na choo, kinatosha.

Kitanda kiwekwe mtu aweze kupita pande zote mbili. Mgeuzeni kila baada ya saa 2 hadi 4, shuka isiwe na mikunjo, na visigino visikandamizwe, ili asipate vidonda vya kulala.

Na kwa kuwa wengi watauliza: kibla cha huku ni kaskazini. Kwa mtu wa mjini anayelazwa kwa ubavu wa kulia, kichwa kielekee upande wa pwani, yaani mashariki, uso utaangalia kibla. Pangeni kitanda hivyo tangu mapema, msije mkamzungusha katika sakarati.

4. Waiteni walio mbali

Kwetu maiti hangoji. Anayefariki asubuhi huenda akazikwa alasiri hiyo hiyo, na mtoto aliye Dubai au Jeddah atakuta kaburi. Kwa hiyo anayetaka kuja aje wakati mgonjwa yu hai. Mkiona mnajiuliza kama ni wakati wa kumpigia au bado, mpigieni.

Ujumbe wa "mama hajisikii vizuri" haumsaidii mtu. Anayeusoma yuko kazini, ataomba dua na kuendelea na zamu yake. Semeni: "Kaka, mama yuko katika siku zake za mwisho. Ukiweza kuja, njoo wiki hii." Kwa walio Faza, Siyu au Kizingitini hesabuni maji pia, maana mlango wa bahari wa Mkanda haupitiki maji yakitoka, na kupigiwa simu mchana wakati wa kupwa kunaweza kumgharimu mtu saa sita nzima.

Asiyeweza kuja apewe nafasi yake kwa simu ya video. Mpangieni saa ambayo mgonjwa ana nafuu, mtu mmoja ashike simu usoni pa mgonjwa, wengine watoke. Simu ya video iliyojaa nyuso kumi na tano za jamaa wakisema "mpungie mkono" haijawahi kumuaga mtu. Mgonjwa akiwa hawezi kuongea, mwenye kupiga arekodi sauti yake na muichezeshe karibu na sikio.

5. Deni, amana, wasia

Hili wengi hulikimbia kwa kuona ni kumtakia mtu kifo. Mgonjwa mwenyewe kwa kawaida ndiye anayelisubiri. Mzee mmoja aliyekuwa nahodha hakulala vizuri mpaka mwanawe alipochukua daftari na kuandika: fundi wa Matondoni anadai ya kukalafati mashua, mwenye duka wa barabara kuu anadai ya tanga, na fulani aliweka kwake saa ya mkononi tangu zamani na haijachukuliwa. Saa ilikuwa ndani ya kopo la chai. Alipomaliza kusema iko wapi, alilala mpaka adhuhuri.

Andikeni deni, amana, mahari iliyobaki kwa mke kama ipo, na funga anazodaiwa kama anataka zilipiwe. Wasia wa mali hauzidi theluthi, na hauwi kwa mrithi isipokuwa warithi wenzake waridhie. Wawepo mashahidi wawili. Penye utata wa nyumba au shamba, ofisi ya Kadhi iko hapa hapa mjini. Nendeni mgonjwa akiwa bado ana akili timamu, sio baada ya hitima. Kuhusu pesa za M-Pesa, nitasema hivi tu: mtu akishafariki zile ni mirathi, na anayezitoa kwa siri usiku wa msiba anaanzisha ugomvi wa miaka.

6. Maneno yenyewe

Chagua wakati. Mofini ya maji hufanya kazi vizuri takriban saa moja baada ya kunywewa, kwa hiyo baada ya dozi ya saa 4 asubuhi, kwenye saa 5 hivi, wagonjwa wengi huwa na utulivu. Jioni huwa wamechoka. Ingieni mmoja mmoja. Dakika kumi zinatosha, na kesho kuna nyingine.

Sisi tuna jambo linalorahisisha kazi hii, nalo ni radhi. Mtoto wa huku hahitaji kutunga hotuba. Anamshika mamake mkono na kumwambia: "Mama, nitolee radhi. Nilipokukosea nisamehe." Na mama anajibu, "Radhi zangu unazo, mwanangu." Watu wazima wenye ndevu nyeupe wameyasikia maneno haya nikiwa nje ya mlango, na nimewaona wanavyotoka. Lakini msifanye haraka ya kuyasema kama salamu ya kupita. Taja jambo. "Nisamehe kwa yote" ni jepesi. "Nisamehe siku ile niliyokujibu mbele ya wageni" lina uzito, na mara nyingi mama atacheka na kusema alishalisahau, au hatacheka, na mtalizungumza.

Radhi huenda pande zote mbili. Wazazi pia wana ya kuomba, na wengi hawajui waanzie wapi kwa sababu desturi haiwafundishi kuomba mtoto msamaha. Wasaidie. "Baba, kama kuna lolote baina yetu, mimi nimekuwia radhi. Sina kinyongo." Kama una kinyongo, usiseme huna. Sema unachoweza: "Najua ulitulea katika shida. Naomba Mungu anipe moyo wa kusamehe." Mtu anayekufa hutambua uongo upesi sana, labda kwa sababu amechoka na mambo ya adabu.

Ndugu waliokatana maneno ndio kazi ngumu. Mjomba na mgonjwa hawasemezani tangu ugawaji wa minazi, mwaka upi hakuna anayekumbuka. Msiwakutanishe kwa ghafla mbele ya kadamnasi, mkitaraji wakumbatiane. Muulizeni mgonjwa kwanza kama anataka kumwona. Akikubali, mjomba aje peke yake, na anayempeleka amwambie njiani kwamba leo haitatajwa minazi. Katika nyumba moja ya Mkomani ndugu wa namna hii aliingia, akakaa, akashindwa kusema kitu. Mwishowe aliomba wembe na maji ya moto, akamnyoa ndevu nduguye polepole, kidevu mpaka shavu, akimshika kichwa kwa mkono wa kushoto. Walizungumza habari ya samaki. Alipotoka alisema, "Tumeshasameheana," na sikuona haja ya kuuliza ni wakati gani.

Kwa hiyo wanaume mnaoona maneno yamekwama kooni, tumieni mikono. Kata kucha zake. Mkande miguu kwa mafuta ya nazi. Mtengenezee paja la kuegemea anywe kijiko cha uji. Hayo ni kuaga, na yanapokelewa hivyo.

Shukrani zitajwe kwa jina pia. Mwambie mamako unaikumbuka asubuhi aliyouza mkufu wake ulipe karo. Mwambie mumeo ulichopenda kwake; wake wengi wa huku hulitamka hilo kwa mara ya kwanza hapa, na kwa kunong'ona.

Mgonjwa anayetaka kuacha maneno yake mwenyewe asaidiwe kuyaacha. Pwani hii tuna mfano mkubwa: Mwana Kupona wa Pate alimtungia binti yake wasia kwa tenzi mwaka 1858, akiwa mgonjwa. Si lazima mtu wenu awe mshairi. Washa kirekodi cha simu, muulize jinsi alivyoozwa, au bibi yake alikuwa nani, au vipimo vya halua yake, umwache aseme. Sauti ile ile ya kukohoa na kumgombeza paka ndiyo mtakayoitafuta mwakani.

Maneno ya kuacha: "pambana, usikate tamaa." Ameshapambana. Na "tutakupeleka India" wakati kila mtu anajua hampeleki. Msimwahidi mgonjwa mambo mtakayoshindwa, kama kutouza nyumba milele. Semeni mnayoyaweza: "Mdogo wetu tutamwangalia. Atamaliza shule." Wengine wanaonekana kungoja sentensi hiyo.

Watoto wadogo waingizwe. Waambiwe ukweli kwa lugha yao: "Bibi ni mgonjwa sana, dawa hazimponyi tena, na atakufa. Bado anapenda kukuona." Ukimwambia mtoto kwamba bibi amelala au amesafiri, ataogopa kulala, ama atakaa barazani akimngoja arudi. Mwachie achague kama ataingia, na akitaka kutoka baada ya dakika moja kwenda kucheza, hiyo ni ziara kamili.

7. Wageni

Kumzuru mgonjwa ni haki na ni sunna, na mji wetu ni mdogo. Wageni watakuja. Wekeni mtu mmoja mlangoni, shangazi mwenye mamlaka ni bora, awe ndiye anayesema, "Anapumzika, kaeni barazani tuwaletee kahawa, dua zenu zinamfikia." Wasiingie zaidi ya watatu. Marufuku kuzungumzia sanda, mirathi au wagonjwa wengine waliokufa kwa ugonjwa huo huo mbele yake. Mgeni anayeleta dawa ya kienyeji apokewe kwa shukrani, na dawa isitolewe kabla muuguzi hajaulizwa.

8. Siku za mwisho

Dalili hizi zikija, msikimbize mtu hospitali kwa hofu, kama mlikwisha kubaliana abaki nyumbani. Mpigieni muuguzi.

Ataacha kula, kisha kunywa. Hili huwatesa akina mama kuliko lolote. Hafi kwa kuacha kula; anaacha kula kwa kuwa mwili unafunga kazi zake. Msimlazimishe, atapaliwa. Chovyeni pamba safi kwenye maji, ya zamzam mkiwa nayo, mlowanishe midomo na ulimi, kisha mpake mafuta kidogo. Kazi hii ifanywe kila mara, na mpeni binti anayelia kwa sababu hana la kufanya.

Atalala sana. Mikono na miguu itapoa, magoti na nyayo zitapata mabaka ya rangi ya zambarau. Mkojo utapungua na kuwa mzito. Pumzi itakwenda mbio, itapungua, itasimama hata nusu dakika, kisha irudi. Kooni kutakuwa na mkoromo wa majimaji asiyoweza kuyameza; unatisha kuusikia, lakini yeye kwa kawaida haumsumbui. Mlazeni ubavu, inueni kichwa kidogo. Akihangaika na kuvuta shuka, angalieni kwanza kama kibofu kimejaa. Ataweza kuzungumza na wafu, kumwita mamake aliyekufa zamani. Msimbishie.

Wengine huchangamka ghafla siku moja au mbili kabla. Anaomba chai ya tangawizi na mahamri, anamtambua kila mtu. Familia hufurahi, na mtoto aliyekuwa njiani huambiwa, "Basi usije, amepata nafuu." Mwacheni aje. Itumieni siku hiyo.

Na endeleeni kumsemesha. Mwaka 2020 watafiti wa Chuo Kikuu cha British Columbia, Kanada, walichapisha matokeo ya kupima mawimbi ya ubongo ya wagonjwa wa hospisi walioacha kuitika, na ubongo wa baadhi yao ulikuwa bado unazipokea sauti kama wa watu wazima wa afya. Haikuthibitika kwamba wanaelewa maneno. Inatosha kutufanya tusigombanie kaburi litachimbwa wapi juu ya kichwa cha mtu.

Kwa talkini, chagueni mtu mmoja mwenye sauti ya utulivu. Atamke "La ilaha illallah" karibu naye, apate kuisikia na kuifuata. Asimwambie "sema, sema," asirudie kama anayemfukuza. Mgonjwa akishaitamka aachwe, mpaka aseme neno jingine. Yasini isomwe kwa sauti ya chini. Walio Wakristo, na majirani zetu wa namna hiyo wapo, wamwite padri au mchungaji mapema kwa sababu hiyo hiyo: mgonjwa aweze kushiriki.

Mgawane zamu za usiku. Na huenda akafariki dakika ile uliyokwenda kutawadha baada ya kukaa siku tatu bila kutoka. Hutokea mara nyingi mno, kiasi kwamba sisi tunaohudumu tunaamini wengine huingoja nafasi hiyo. Kama uliaga mapema, hujakosa kitu.

9. Roho ikishatoka

Hakuna haraka ya dakika kumi za kwanza. Mfumbeni macho, mfungeni taya kwa kitambaa, nyosheni viungo, mfunikeni. Kisha kaeni. Mwenye kulia alie, bila ya ukelele. Kumbusu maiti usoni kunaruhusiwa. Abubakar alimbusu Mtume baada ya kufa kwake.

Mmoja aende kwa chifu kwa habari ya kibali cha mazishi, kwa kuwa amefia nyumbani, na mwingine msikitini. Wengine wasitawanyike wote kwenye shughuli.

Mke anaruhusiwa kumwosha mumewe, na mume mkewe, katika madhehebu yetu ya Shafi. Wengi hawaulizwi kwa sababu waoshaji wameshajipanga. Muulizeni. Mjane atakaa eda ya miezi 4 na siku 10, na kazi ile ya mwisho ya mikono humsindikiza humo ndani.

Kwa desturi zetu wanawake hawaendi makaburini. Maana yake kwao mazishi huishia mlangoni, pale jeneza linapotoka. Wanaume walio nje, wanaoangalia saa ili waiwahi swala ya alasiri, wakumbushwe jambo hilo kabla ya siku yenyewe. Kabla sanda haijafungwa upande wa uso, mabinti, dada na wakwe waingie, mmoja baada ya mwingine, na mwenye kusimamia asiseme "haraka haraka." Robo saa haimcheleweshi maiti. Nimesikia wanawake wakilalamika juu ya robo saa hiyo miaka baadaye, na sikumbuki mwanamume hata mmoja aliyelalamika kwamba alicheleweshwa.

Mofini iliyobaki irudisheni hospitalini katika juma la kwanza, na chupa yake. Asipewe jirani anayeumwa mgongo, na isiachwe kwenye kidaka cha ukutani ambapo watoto wanaweza kuifikia.